Carlo Levi mu Aliano: wabaya njo wenye diplomi

Wasomi wenzangu, mutafute kitabu "Cristo si è fermato a Eboli". Carlo Levi alikuwa munganga na muchoraji wa Torino. Mu 1935 serikali ya Mussolini ikamupeleka kusini ya Italia, akae chini ya ulinzi. Sehemu kubwa alikaa Aliano, muji mudogo wa vilima. Kitabu kilitoka 1945. Ndani yake Aliano inaitwa Gagliano.

Wengi wanasifu kurasa za wakulima na malaria. Mimi kilichonichoma ni kingine: wabaya mule njo wenye diplomi. Meya ni mualimu, lakini saa ya masomo anavuta tumbako kwa balkoni. Wanganga wawili wa kule hawajui tena kutibu, na bado wanamuonea Levi wivu.

Kosa la Levi liko: anachora wakulima kama watu wasiokuwa na historia. Lakini yeye mwenyewe anatuonyesha waliokwenda Marekani wakarudi. Hiyo si historia?

Alikufa 1975, akazikwa kule kule Aliano. Na siye, tukirudi kwetu na diplomi, tutaandikwa namna gani?