Kazi ya Kumtembeza Mgeni

Ikifika saa tatu asubuhi, mara nyingi Kibo, kilele cha Kilimanjaro, imeshajifunika. Mgeni aliyelala Moshi mjini akachelewa kuamka ataambiwa tu kwamba mlima uko kule, nyuma ya mawingu, na itabidi aamini. Kiongozi anayewapandisha watu kileleni hasumbuliwi sana na jambo hili. Yeye ana siku tano, sita au zaidi, na mwisho wa safari yake uko wazi: mita 5,895, picha kwenye kibao, kushuka. Kiongozi wa ziara ya siku moja ana saa nane, Noah ya kukodi, wageni wanne ambao bado wana usingizi wa ndege, na mlima usioonekana. Hana kilele cha kuwafikisha. Inambidi aitengeneze siku kwa mfereji, shina la mgomba na kata ya pombe. Ndiyo maana heshima yangu kubwa iko kwake, ingawa mshahara mkubwa uko kwa mwenzake.

Kazi yenyewe ni kongwe kuliko hoteli zote za Moshi. Johannes Rebmann, mmisionari aliyetokea Rabai karibu na Mombasa, aliiona theluji ya Kilimanjaro tarehe 11 Mei 1848, na wasomi wa London wakambishia kwa miaka. Vitabu vinamkumbuka yeye. Aliyemfikisha, Bwana Kheri, kiongozi wa misafara aliyezijua njia za bara, hutajwa mstari mmoja kisha basi. Mwaka 1889 Hans Meyer na Ludwig Purtscheller walifika kileleni, na watu wa Marangu wanamtaja Yohani Kinyala Lauwo kuwa ndiye aliyewaongoza. Mzee huyo aliishi hadi 1996. Nami kwa kuwa ni mtu wa Tanga, siachi kumtaja jirani yangu Mwini Amani wa Pangani, aliyebaki na Wazungu wale kwenye kambi ya juu, katika baridi ambayo mtu wa pwani hana hata nguo zake.

Kiongozi wa siku moja niliyemfuata mimi ni mama wa makamo wa Uru, barabara ya kwenda Materuni. Wageni wake walikuwa wazee wawili wa Kihispania, kijana wa Kijerumani na mchumba wake. Nilidhani angeanza na maporomoko ya maji, kwa sababu ndiyo yaliyo kwenye matangazo. Alisimamisha gari kabla, mahali greda lilipokata ukingo wa barabara, penye ukuta wa udongo mwekundu unaozidi kimo cha mtu. Hakusema kitu. Alibandua bonge, akalivunja viganjani mwao mmoja mmoja, akawaacha walisugue kwa kidole gumba hadi lilainike kama unga wa ulezi. Halafu akaokota jiwe jeusi lenye vitundu, akampa mmoja wa wale wazee alishike kwa mkono mwingine. Hapo ndipo alipofungua mdomo: hiki na hiki ni kitu kimoja, kilichotofautiana ni muda.

Kutoka hapo hadithi ya volkano ilijieleza yenyewe. Kilimanjaro ni milima mitatu iliyoota pamoja. Shira ndiyo ya kwanza, nayo imebomoka ikabaki uwanda. Mawenzi imechongwa na mvua na baridi hadi ikawa meno. Kibo ndiyo changa, imelala bila kufa, na ndani ya kreta yake bado hutoka mvuke wenye harufu ya kiberiti. Pembeni, hasa upande wa Rombo, kuna vilima vingi vidogo ambako moto ulitafuta mlango wa uani. Kimoja kiliacha shimo likajaa maji, ndilo Ziwa Chala, kina chake kinapita mita 90, na mpaka wa Tanzania na Kenya umepita katikati yake. Hakuna mto unaoonekana ukiingia humo. Maji yanapenya chini ya ardhi kutoka mlimani.

Wengi wanaofanya kazi hii huyamwaga yote hayo garini, watu wakiwa wamefunga mikanda, kwa sauti ya mtu anayesoma risala. Yeye aliyagawa kwa vituo. Nilimuuliza baadaye kama kuna aliyemfundisha. Akanijibu, "Kaka, mgeni hasikii mpaka ashike kitu."

Kituo cha pili kilikuwa mfongo, na hapo tulikaa sana. Asiyeufahamu mfongo atauruka kwa hatua moja na kuendelea na safari: ni mfereji wa upana wa dhiraa, maji yanakwenda taratibu kandokando ya mteremko kana kwamba hayataki kushuka. Utaalamu wote uko hapo. Ukiuinamisha mno, maji yanakimbia na kula ukingo. Ukiulaza mno, yanatuama na kujaa tope. Wazee wa Kichagga waliipima mifongo hii kwa macho, bila chombo, wakaanzia juu kwenye vijito vya msituni na kuyavusha maji mabonde kwa magogo yaliyochongwa, hadi yakafika kwenye migongo ya ardhi ambako mto wenyewe haufiki. Mfongo ulikuwa mali ya ukoo wa aliyeuanzisha. Wenye mashamba walichukua maji kwa zamu, na asiyefika siku ya kuzibua alitozwa faini. Maji ya usiku yalihifadhiwa kwenye nduwa, bwawa dogo la udongo, ili yafunguliwe asubuhi.

Mama yule aliwapeleka mpaka kwenye kizibo, akawaonyesha mawe, tope na magamba ya mgomba, akamwomba mmoja wa wale Wahispania akiondoe kidogo. Maji yakageuka, yakaingia shambani. Mzee alicheka kama mtoto. Mara mwenye zamu akapaza sauti kutoka juu, kwa Kichagga, na hakuwa anatania. Kiongozi wetu alijibu haraka, akarudisha kizibo kwa mguu, akawafasiria wageni maneno yote isipokuwa matusi. Kazi za mfongo zamani zilikuwa za wanaume. Sikuacha kuliona hilo katika ukali wa yule bwana, wala katika utulivu wa yule mama.

Wengi huamini maji haya ni theluji ya Kibo iliyoyeyuka. Aliwasahihisha kwa upole: sehemu kubwa ni mvua na ukungu unaonaswa na msitu, na barafu mchango wake ni mdogo. Kwa hiyo mtu wa Uru anapoulizia hali ya mlima, macho yake yako kwenye miti kwanza.

Kihamba, shamba la ukoo, kilifuata. Juu kabisa mikuyu na mifuruanje, chini yake migomba, chini ya migomba mibuni, na chini kabisa magimbi na maharage. Ng'ombe yuko zizini, majani analetewa, samadi inarudi kwenye mgomba. Shamba la namna hii huko Shimbwe Juu lilitambuliwa na FAO mwaka 2011 kuwa urithi wa kilimo wa dunia. Hilo alilitaja kwa sentensi moja. Aliloliwekea muda ni masale, majani marefu yaliyopandwa mpakani, na makaburi ya babu na bibi yaliyo humo humo kati ya migomba. Kisha akawaacha wajiulize wenyewe kwa nini kihamba hakiuzwi.

Mmoja wa wale Wahispania, aliyekuwa kimya, akasema nyumbani kwao wana kitu kinachofanana na hiki na kisichofanana. Alikuwa mtu wa Lanzarote, katika visiwa vya Canary. Huko volkano ililipuka kuanzia 1730 hadi 1736, ikafunika mashamba kwa majivu meusi. Wakulima walichimba mashimo kuufikia udongo wa zamani, wakapanda mzabibu mmoja mmoja kila shimo, wakauzungushia nusu duara ya mawe kuukinga na upepo. Mvua ni haba, na majivu ndiyo yanayotunza unyevu wa usiku. Kiongozi mwingine angeitikia kwa adabu na kuendelea na ratiba yake. Huyu alimwambia achore. Mzee akachora mchangani kwa kijiti, naye akachora mfongo pembeni yake, na kwa muda sisi wengine tukawa watazamaji. Watu wawili waliorithi moto mmoja, mmoja ana kisiwa kisicho na mto, mwingine ana mlima unaotiririka kila upande.

Mvinyo wa Uru ni mbege. Ndizi mbivu huchemshwa na kuachwa zichachuke kwa siku kadhaa. Ulezi huoteshwa kimea, husagwa, hupikwa uji. Gome la msesewe hutia uchungu. Vyote huchanganywa, na kesho yake pombe iko tayari. Bibi mwenye nyumba aliionja kwanza mbele yetu, kama ilivyo desturi, mgeni asije akawa na shaka, kisha kata ikazunguka. Mchumba wa Mjerumani alikunja uso, bibi akamcheka waziwazi. Nilifurahi hakuna aliyeona haja ya kulificha hilo.

Kahawa, kwa kweli, ndicho kipande kinachonichosha katika ziara hizi. Kutwanga kwa kuimba na kupiga makofi kumekuwa maigizo ya kila siku, na mgeni huondoka akidhani mkulima wa Kilimanjaro anacheza ngoma tangu asubuhi. Mama yule aliwaachia vijana waimbe, akafupisha, akaenda kwenye mengine: wakulima waliounda chama chao mwaka 1925, kikageuka chama cha ushirika cha KNCU mwaka 1933, wakauza wenyewe bila kusubiri mlowezi, ugonjwa wa chulebuni unaoozesha matunda mtini, aina mpya za mibuni kutoka kituo cha utafiti cha Lyamungo. Kijana akauliza mkulima anapata kiasi gani kwenye kikombe kimoja cha Berlin. Alimwambia apige hesabu mwenyewe, akampa bei ya kilo ya msimu uliopita. Kijana aliandika kwenye simu, akanyamaza.

Lililobaki lilikuwa gumu zaidi, nami nilikuwa nasubiri kuona atalifanyaje. Tukiwa ukingoni mwa bonde aliinua mkono kuelekea Old Moshi, mashariki, akasema kule Wajerumani walimnyonga chifu wa huko, Mangi Meli, tarehe 2 Machi 1900 pamoja na viongozi wenzake, na kwamba ukoo wake unasimulia kichwa chake kilipelekwa Ujerumani, nao bado wanakitafuta. Hakuongeza chumvi, hakumtazama kijana yule, wala hakumkwepa. Alisubiri. Mjerumani akauliza kama anaweza kwenda kupaona. Alipewa jina la mahali, Tsudunyi, na ushauri wa kutafuta mtu wa huko huko, kwa sababu yeye wa Uru hapaswi kuwasimulia watu wa Old Moshi msiba wao. Katika siku nzima sikuona ufundi uliozidi huo: kujua hadithi yako inakomea wapi.

Jioni, wageni wakiwa garini, alirudi kihambani kuwalipa. Bibi wa mbege, vijana wa kinu, mwenye zamu ya maji ambaye alipewa chake pamoja na maneno ya kumtuliza. Nilimsindikiza, nikamuuliza kama Watanzania nao humjia. Wachache, akasema, tena walimu na wanafunzi. Na Wachagga wa Dar es Salaam, wale wanaojaza barabara kila Desemba kurudi nyumbani kwa Krismasi?

"Hao nikiwatembeza nitawatoza mara mbili," akasema. "Kila kituo watabishana na mimi kwamba kwao sivyo hivyo."

Kisha akaniuliza mimi, mtu wa Tanga, nitalipa taslimu au kwa simu.