Mishono ya Historia: Gregorio Rocha na Filamu Iliyopotea

Nani ana haki ya kusimulia historia ya taifa? Swali hili limo ndani ya kazi za Gregorio Rocha, mtengenezaji wa filamu za hali halisi kutoka Meksiko. Katika miaka ya 1980 alishughulikia vijana wa panki waliokuwa pembezoni mwa mji mkuu. Baadaye aligeukia historia ya filamu yenyewe, na kazi yake mashuhuri katika uwanja huo ni Los rollos perdidos de Pancho Villa, yaani Mikanda Iliyopotea ya Pancho Villa (2003). Makala haya yanashikilia kwamba uzito wa kazi hiyo haumo katika kile Rocha alichokitafuta, bali katika kile alichokikuta mahali pake.

Msuko unaanzia kwenye mkataba wa Januari 1914. Jenerali Francisco Villa, akiwa katikati ya vita vya mapinduzi, aliiruhusu kampuni ya Mutual ya Marekani kupiga picha za mapigano yake kwa malipo. Mwezi wa Mei mwaka huo The Life of General Villa ilionyeshwa New York, huku Mmarekani Raoul Walsh akiigiza Villa kijana. Filamu hiyo ilipotea. Rocha anaisaka katika hifadhi za Ulaya na Amerika Kaskazini, naye mwenyewe akiwa mhusika mithili ya mpelelezi.

Mjini El Paso, Texas, msako unabadilika maana. Huko anakuta La venganza de Pancho Villa, kazi ya Félix Padilla na mwanawe Edmundo, waonyeshaji wa sinema waliozunguka pande zote mbili za mpaka. Katika miaka ya 1930 walikata na kuunga vipande vya filamu bubu za Marekani, vikiwemo vya ile iliyopotea na vya Liberty (1916), iliyowachora Wameksiko kama majambazi. Wakaongeza maandishi ya Kihispania na Kiingereza, pamoja na maonyesho waliyoyapiga wenyewe. Mwamba ngoma huvutia kwake: jambazi wa Hollywood akageuka shujaa wa watazamaji wa mpakani. Huu ni mwingilianomatini wenye shabaha ya kisiasa. Kuuita wizi ni kuupotosha.

Ulinganisho na Memorias de un mexicano (1950) unafaa. Humo Carmen Toscano aliunganisha picha za babake, Salvador Toscano, chini ya sauti ya msimulizi mmoja wa kubuni, hata historia ikaonekana kitambaa kisicho na mshono. Rocha, kinyume chake, anaiacha mishono ionekane.

Hata hivyo, umbo la upelelezi lina kasoro yake. Linamtanguliza mtafutaji, na akina Padilla wanajitokeza kama tuzo ya safari yake, ilhali wao ndio wasanii waliomtangulia. Mnamo 2009 kazi yao iliingizwa katika Orodha ya Kitaifa ya Filamu ya Marekani, nchi ileile ambayo taswira zake walizipindua. Kinaya hicho kinathibitisha hoja: mkanda uliokatwakatwa, ambao mhifadhi angeweza kuudhania umeharibika, huenda ndio ushahidi wa jinsi walionyimwa kamera walivyojitwalia usimulizi kwa mkasi.