Picha za zamani: nani anajua majina?

Tukiangalia filamu juu ya Lumumba tunamsifu mwenye kuitengeneza, tunasahau mtu aliyehangaika kutafuta picha za zamani. Kazi yake ni ya kuchosha. Anasoma orodha za arshivi, anaomba kopi hafifu yenye namba zinazotembea juu ya picha, anachagua vipande, kisha analipia haki: filamu itaonyeshwa nchi gani, kwa miaka mingapi. Bei inahesabiwa kwa dakika, mara nyingine kwa sekunde!

Raoul Peck, Muhaiti aliyeishi hapa Kongo akiwa mtoto, aliweka hesabu hiyo ndani ya filamu yenyewe: « Lumumba, la mort du prophète », ya mwanzo wa miaka ya 1990. Anatutajia bei aliyoombwa kwa picha za nabii wetu, na anailinganisha na pato la Mkongomani wa kawaida. Kwangu mimi, hapo ndipo filamu inauma kabisa. Mobutu alikuwa angali anatawala, Peck hakuweza kuja kupiga picha huku. Basi akatembeza kamera Brussels, na mapengo akayajaza kwa picha za familia na masimulizi ya mama yake.

Mbelgiji Johan Grimonprez, katika « Soundtrack to a Coup d'Etat » (2024), ametumia arshivi karibu tupu kwa saa mbili na nusu. Tena anaandika kwenye skrini kitabu alichotoa neno, hata ukurasa. Hiyo ni heshima kwa mtazamaji. Lakini tuseme ukweli: Khrushchev ana jina, Armstrong ana jina, na watu wengi wa barabarani wanapita hivi hivi. Si kosa lake peke yake. Mtafutaji anapata kile kilichoandikwa juu ya kopo la filamu, na aliyeandika zamani zile hakuuliza mtu jina.

Chukua kwetu Manguredjipa, ambako kampuni ya MGL ilichimba wakati wa Wabelgiji. Kopo likisema tu « wafanyakazi wa mgodi », mtu wa Brussels atajua nini zaidi? Mzee wa Kipere au wa Kinande angesema palepale: huyu ni baba ya fulani, yule alikuwa kapita, na ngoma ile ni ya vijana kutoka tohara. Lakini tangu mashambulizi ya 2024 wengi wamekimbilia Butembo, na bazee wametawanyika.

Kwa hiyo, anayenunua dakika zetu kule Ulaya aombe ndani ya mkataba kopi moja irudi huku, pamoja na daftari tupu la majina. Projekta na jenereta tutatafuta sisi wenyewe Butembo.