Kuamuru Manowari

Barabara ya Dundori inateremka katikati ya mashamba ya viazi hadi Lanet, na hapo Lanet ndipo maofisa wa Jeshi la Wanamaji la Kenya wanapoanzia. Sisi wa Dundori tuko zaidi ya mita 2,000 juu ya bahari, na bahari yenyewe iko mbali mno. Hata hivyo, katika Chuo cha Kijeshi kilichoko Lanet, kadeti wa wanamaji hupiga gwaride bega kwa bega na wenzake wa nchi kavu na wa anga. Jambo hilo halinishangazi. Kuamuru manowari huanza na kutii amri na kutunza vifaa, kabla mtu hajaona wimbi.

Mfano niupendao ni wa kamanda wa manowari Mfaransa, Pierre André de Suffren. Aliingia utumishi wa bahari mwaka 1743 akiwa na miaka 14, na Waingereza walimteka mara mbili kabla hajapata jina. Mwaka 1782 alifika pwani ya mashariki ya India bila bandari ya uhakika ya kukarabatia meli. Kituo chake kilikuwa Île de France, Mauritius ya leo, ng'ambo ya bahari. Kufikia Juni 1783 alikuwa amepambana na kikosi cha meli cha Mwingereza Edward Hughes mara tano. Mlingoti ulipovunjwa na mizinga, aling'oa wa meli ndogo akausimika kwenye kubwa. Bandari aliyoikosa aliitwaa, Trincomalee katika Sri Lanka ya leo, Agosti 1782. Kaskazi ilipokaribia, ile ile iliyokuwa ikileta majahazi Lamu na Mombasa, alijua pwani ile haikaliki, akaenda kujisitiri Aceh, Sumatra. Wengi husifu mapigano yake. Mimi nasifu hiyo milingoti.

Sisifu alichokilinda. Mashamba ya Île de France yalilimwa na watumwa, na mwaka 1776 mfanyabiashara Mfaransa, Morice, alifunga mkataba na Sultani wa Kilwa wa kununua watu. Ustadi haufuti dhambi hiyo.

Hapa kwetu Kenya, Jeshi la Wanamaji liliundwa Desemba 12, 1964. Septemba 2012 lilishiriki kuwashusha askari ufuoni Kismayu, Somalia, kazi inayodai hesabu kali za maji na wakati. Mwaka 2015 mwanamaji, Samson Mwathethe, akawa Mkuu wa Majeshi.

Basi, wazazi wa Dundori, mtoto wenu akipenda hesabu na ramani, msimwambie bahari ni ya watu wa Pwani. Mwacheni ajaribu.