Damu Tele, Somo Hakuna

Mwaka 2011 Becky Sloan na Joseph Pelling wa Uingereza walitoa filamu fupi ya vikaragosi, Don't Hug Me I'm Scared. Daftari linafundisha ubunifu, kumbe papo hapo linakataza rangi ya kijani! Hofu yake ni mwalimu mwenye tabasamu.

Mashabiki wameigeuza kuwa michezo ya kompyuta. Ile niliyocheza mimi hapa Singida inakukimbiza tu gizani. Mbona mwalimu kaachwa nje?

Lakini siwacheki. Mswada wangu wa riwaya nao ni wa kuiga: mizimu, makaburi, mbio. Jamani, tukiiga, tuige swali, tusiige damu. Sisi huku, nani anatukataza kijani chetu?