Mungu Asiyepanda Jukwaani

Kwa miaka mingi niliwafundisha wanachuo wa ualimu kwamba Hongo, katika tamthiliya ya Ebrahim Hussein iitwayo Kinjeketile (1969), ni mbinu tu ya kuyaunganisha makabila dhidi ya Wajerumani. Jibu hilo lilipata alama kwenye mitihani. Leo nakiri kwamba nilikipunja kitabu.

Hongo haonekani jukwaani hata mara moja. Kinjeketile anaingia katika mto Rufiji, anatoka na maji ya dawa, na pepo husema kwa kinywa chake. Wole Soyinka wa Nijeria alifanya kinyume. Katika A Dance of the Forests, iliyochezwa mwaka 1960 nchi yake ilipopata uhuru, miungu ya Kiyoruba inaonekana na kugombana: Ogun anamkingia kifua mchongaji Demoke, na Eshuoro anadai kisasi. Hapo mtazamaji aweza kumlaumu mungu, maana anamwona.

Kwa Hussein hakuna wa kulaumiwa ila mwanadamu. Kinjeketile anapoambiwa kwamba, alipopandwa na pepo, alisema watu watakuwa watoto wa Seyyid Said, anashtuka. Je, huko si kubadilisha mtawala mmoja kwa mwingine? Na neno hilo ni la Hongo, au ni lake mwenyewe? Lakini watu wamekwisha kuyaamini maji na wanataka vita. Hata yeye hawezi tena kulirudisha neno. Basi swali la tamthiliya si kama Hongo yupo. Swali ni nani atakayelijibia neno lililosemwa kwa jina lake.

Swali hilo lilinifuata hadi nyumbani Gendabi. Sisi Wairaqw tuna Looaa, aliye mwema, na neetlangw, pepo wa majini wanaoogopwa. Tarehe 3 Desemba 2023 tope liliporomoka kutoka Mlima Hanang na kuua zaidi ya watu 80. Msibani mama mmoja mzee alisema neetlangw wamekasirika. Nilitaka kumsahihisha, kama ilivyo desturi yetu walimu. Nikamkumbuka Kinjeketile, nikauliza tu:

“Sasa, mama, tufanye nini?”

“Tuwazike watu, mwalimu,” akajibu, “kisha tuwalishe waliobaki.”

Sikuwa na la kusahihisha. Neno lake halikumtuma mtu kumdhuru mwenzake. Ningekuwa bado darasani, hapo ndipo ningeanzia somo la Hongo.