Mwenzi wa Uzeeni: Nyamgondho na Mvuvi wa Pushkin

Simulizi ya Nyamgondho wuod Ombare, inayohusishwa na ufuo wa Gwassi huko Homa Bay na ambayo ni sehemu ya urithi wa Wajaluo hadi Migori, kwa kawaida hufasiriwa kuwa onyo dhidi ya ulevi na utovu wa shukrani. Fasiri hiyo ni sahihi, lakini haitoshi. Dhamira ya thamani ya mwenzi mzee hudhihirika zaidi simulizi hii inapolinganishwa na ngano ya kishairi ya Mrusi Alexander Pushkin kuhusu mvuvi na samaki, iliyotungwa mwaka 1833.

Wahusika wa Pushkin ni mume na mke wakongwe walioishi pamoja kando ya bahari kwa miaka 33. Samaki wa dhahabu anapoanza kutimiza maombi yao, tamaa ya bibi kizee inageuza ndoa kuwa utawala, na mume anafanywa mtumishi. Hatimaye fahari yote inatoweka. Mzee anamkuta mkewe mbele ya kibanda chao cha awali, na hori lake lililovunjika. Mali imepotea, mwenzi amebaki.

Nyamgondho hapati nafuu hiyo. Mvuvi huyu fukara anamvua ajuza kutoka Ziwa Viktoria, na ajuza ndiye anayeomba kupelekwa nyumbani. Kulipokucha, boma limejaa ng'ombe. Baadaye Nyamgondho, akiwa amelewa, anamtukana kuwa ni kitu kilichookotwa majini. Ajuza anashika njia ya ziwani, na mifugo yote inamfuata. Mume anabaki amesimama ufuoni, akageuka mti. Hapa mali na mwenzi haviachani: anayempoteza mmoja hupoteza vyote.

Hata hivyo, usawiri huu una udhaifu. Baada ya ombi lake la kwanza, hisia za ajuza hazisimuliwi tena, na msikilizaji huweza kudhani kwamba thamani yake ilikuwa ng'ombe tu. Msuko wenyewe unakanusha dhana hiyo. Usiku wa kwanza, kabla ya ng'ombe hata mmoja kuonekana, Nyamgondho alimpa mwanamke mzee hifadhi. Ukarimu wa usiku ule ndio kipimo ambacho simulizi inamhukumia, na ndio alioupoteza kabla ya kupoteza mifugo.